Mamba aliyetafuna: Pakasuchus na taya lililofungwa

Pakasuchus ni mamba mdogo wa kale wa Tanzania, na mawe ya Dodoma hayana mfupa wake, wala wa mamba mwingine wa kale, ndani yake. Ni vizuri hilo lijulikane mapema, kabla mtu hajabeba nyundo kupanda kilima cha Mlimwa. Granaiti na naisi zinazotapakaa kutoka mjini kuelekea Manyoni ni sehemu ya kitako cha kale cha bara la Afrika, chenye umri unaozidi miaka bilioni 2.5. Zama hizo duniani hapakuwa na kiumbe mwenye uti wa mgongo, wala jani moja nchi kavu. Isitoshe, granaiti hutokana na mawe yaliyoyeyuka na kupoa polepole chini sana ardhini, mahali ambapo hakuna mzoga unaoweza kuzikwa ukabaki mfupa. Mstari mweupe unaofanana na ubavu katika jabali la namna hiyo ni mshipa wa jiwe jingine tu, hata ukiwa umepinda vizuri kiasi gani.

Visukuku, yaani mabaki ya viumbe yaliyogeuka jiwe, hutafutwa katika mawe yaliyotokana na mchanga, tope au majivu ya volkano, vitu vilivyotua juu ya mzoga na kuufunika upesi. Katikati ya nchi mawe ya aina hiyo yapo, ila kwa mabaka. Mahenge, mkoani Singida, palikuwa na ziwa dogo ndani ya shimo la volkano miaka kama milioni 46 iliyopita, na matabaka yake membamba yametunza samaki, vyura na hata popo. Bonde la Manonga, upande wa Igunga, lina matabaka ya miaka milioni 4 hadi 5 hivi, yenye mifupa ya viboko na ya jamaa wa tembo waliokwisha kutoweka. Lakini yote hayo ni ya juzi ukilinganisha na mnyama wa makala hii. Kumfikia yeye inabidi kushika barabara ya Iringa, kuvuka bwawa la Mtera, kupita Makambako na Mbeya, mpaka bonde la Songwe lililo kusini-mashariki mwa Ziwa Rukwa. Huko mawe ya mchanga mwekundu yamejitokeza juu ya ardhi, mekundu kwa sababu ya chuma kilichoshika kutu ndani yake, na umri wake unaangukia kipindi cha Kretasia, wakati dinosaria bado wanatawala nchi kavu.

Watafiti wa mradi wa Bonde la Ufa la Rukwa walipata huko mwaka 2008 kiunzi cha mnyama mmoja mdogo, kikiwa karibu kamili na mifupa ikiwa imeshikana mahali pake, pamoja na vipande vya wengine kadhaa wa aina hiyohiyo. Tarehe 5 Agosti 2010 jarida la Nature lilimtangaza kwa jina la Pakasuchus kapilimai. Aliyeongoza andiko hilo ni Patrick O'Connor wa Chuo Kikuu cha Ohio, na miongoni mwa waandishi wenzake wamo Sifa Ngasala na Jesuit Temba. Katika jina la kwanza, paka msomaji wa Kiswahili anamjua, na suchus katika majina ya kisayansi humaanisha mamba. La pili ni heshima kwa marehemu Profesa Saidi Kapilima wa Chuo Kikuu cha Dar es Salaam, aliyekuwa nguzo ya mradi huo. Umri uliokadiriwa wakati huo ni miaka kama milioni 105.

Kuna kauli inayorudiwa sana redioni na mitandaoni, kwamba mamba hajabadilika tangu enzi za dinosaria. Kauli hiyo inapendwa kwa sababu inampa mamba haiba. Ni ya uongo, na sijui ushahidi ulio wazi zaidi wa kuikanusha kuliko mdomo wa Pakasuchus. Ili kuuelewa, tuanze na mdomo ambao watu wa huku wanaufahamu.

Mamba wa Mtera ni mamba wa Nile, Crocodylus niloticus. Ana meno 64 hadi 68, na yote yana umbo moja: koni yenye ncha. Yanazidiana ukubwa tu. Kila jino limekaa katika tundu lake, lina mzizi mmoja, na chini yake kuna jingine linalokua likisubiri zamu, kwa hiyo mamba hung'oka meno na kuota mapya maisha yake yote. Akifunga mdomo, meno ya juu na ya chini hupishana bila kukutana uso kwa uso. Jino la nne la taya la chini hubaki nje, likionekana ubavuni mwa pua hata mdomo ukiwa umefungwa kabisa. Kiungo cha taya kimebana. Kinaruhusu kufungua na kufunga, basi. Kwa vifaa hivyo mnyama anaweza kushika na kushikilia, lakini hawezi kutafuna. Ndiyo maana mamba aliyemkamata mbuzi hujiviringisha majini mpaka pande la nyama likatike, kisha huinua kichwa na kulimeza zima zima, asidi ya tumboni imalizie kazi.

Fuvu la Pakasuchus ni fupi na pana, nalo linaenea kwenye kiganja cha mtu mzima. Mnyama mwenyewe alikuwa na urefu wa kama nusu mita tu. Taya la chini ni nene kwa kiwango cha mwili mdogo kama huo. Meno ni machache, na hapo ndipo mambo yanapogeuka, kwa sababu hayafanani. Mbele kuna meno marefu yaliyochongoka, yanayokaa mahali pa chonge. Yanafuata madogo zaidi. Nyuma kabisa kuna magego: meno mapana, yenye vilele, kingo na mabonde. Magego ya juu yana umbo linalojibu umbo la magego ya chini, hivi kwamba taya likifungwa kingo za juu zinapita karibu kabisa na kingo za chini na kukata chochote kilicho katikati. Mguso huo wa jino kwa jino ndio uliowashangaza watafiti. Katika ukoo wote wa mamba, wa kale na wa sasa, hakuna mwingine aliyejulikana hadi wakati huo aliyefikia kiwango hicho, na ilibidi watafute mfano wake kwa mamalia.

Mwenye fuvu la paka au mbwa aliyekufa zamani anaweza kuona jambo hilo kwa macho yake. Funga taya polepole na utazame pembeni: jino kubwa la nyuma la juu linashuka likisugua ubavu wa lile la chini, na kila kilele kina bonde lake la kuingia. Sasa sogeza taya la chini milimita mbili tu upande mmoja. Meno yanagongana, na hayakati tena. Kutafuna kunadai masharti magumu kuliko yanavyoonekana. Lazima meno yawe na maumbo tofauti kwa kazi tofauti. Lazima kila la juu lipate mwenzake wa chini. Lazima kiungo cha taya kiruhusu mwendo unaofaa. Na lazima mpangilio huo udumu. Hapo ndipo mnyama anayebadilisha meno ovyo anapopata tabu. Gego moja liking'oka na jipya likaanza kuota, kwa muda mwenzake wa upande wa pili anabaki hana wa kukutana naye. Mamalia walipunguza tatizo hilo kwa kubadilisha meno mara moja tu utotoni, na magego yao hayabadilishwi kabisa. Mamba wa Mtera hana tatizo hilo maana meno yake hayakutani, kwa hiyo anaweza kubadilisha apendavyo.

Kuhusu mwendo wa taya, jamaa wa kundi la Pakasuchus wana jibu zuri. Kundi hilo linaitwa Notosukia. Kwao, sehemu ya taya la chini inayopokea kiungo ni ndefu kuliko kifundo kinachoingia humo, kwa hiyo taya zima liliweza kuteleza mbele na nyuma wakati wa kula. Hebu linganisha na mbuzi, ambaye hupeleka taya upande kwa upande. Mwendo ni mwingine, ila shabaha ni ileile: kupitisha kingo juu ya kingo.

Mwili nao ulikuwa wa nchi kavu. Tundu za pua zimeelekea mbele, wakati za mamba wa sasa zimekaa juu ya ncha ya pua ili apumue akiwa amezama. Miguu ilikuwa myembamba, iliyosimama chini ya mwili vizuri kuliko ya mamba anayeburuza tumbo kwenye tope la Mtera. Zile bamba za mfupa zilizo ndani ya ngozi, ambazo kwa mamba wa leo zinafunika mgongo, kwa Pakasuchus zimepungua sana kiwiliwilini, zikabaki zaidi mkiani. Bamba hizo ni nzito, na kwa mamba mkubwa zina kazi: zinakinga, zinasaidia kupokea joto la jua, na zinashikamana na misuli ya mgongo. Mnyama mdogo anayetegemea wepesi wa miguu ana sababu ya kuzipunguza. Wengi wanaona kwamba alikula wadudu na wanyama wadogo, na kwa meno yale hakuna haja ya kubishana.

Hapa msomaji makini ana haki ya kuuliza: kama ana magego, ana chonge, ana pua ya mbele na miguu mirefu, kwa nini tusiseme ni mamalia?

Swali hilo ni zuri, na linajibiwa na mifupa ambayo watu hawaitazami. Anza na taya la chini. La mamalia ni mfupa mmoja kila upande, kutoka kidevuni hadi kiungoni. La mamba limeungwa kwa mifupa kadhaa, na mishono yake inaonekana. Kisha kiungo chenyewe: kwa mamba, taya la chini linaning'inia kwenye mfupa wa pembeni-nyuma ya fuvu uitwao kwadrati, na mfupa huo kwa mamalia umeingia sikioni na kugeuka kijifupa kidogo cha kusikilizia. Ukigeuza fuvu la mamba, unaona paa la mdomo limezibwa kwa mfupa na njia ya hewa imesukumwa nyuma. Juu, nyuma ya macho, kuna sehemu bapa yenye matundu mawili. Shuka mkononi: mifupa miwili ya kifundo cha mkono, ambayo kwa wanyama wengi ni vijiwe vidogo, kwa ukoo wa mamba imerefuka. Mguuni, kiungo cha kifundo kinapinda kati ya mifupa miwili, mmoja una kigingi na mwingine una shimo lake. Alama hizo zikikutana katika kiunzi kimoja, mnyama ni wa ukoo wa mamba, na meno yanabaki kuwa habari ya chakula chake. Meno hubadilika haraka kufuata chakula, ndiyo maana yanadanganya mtu anayetafuta undugu. Jino moja la Pakasuchus likiokotwa peke yake, bila fuvu, lingeweza kuwekwa kwenye droo ya mamalia, na kosa lake lingedumu miaka mingi.

Nasisitiza pia kwamba huyu si babu wa paka, wala si babu wa mamalia yeyote, na wala si babu wa mamba wa Mtera. Notosukia ni tawi la pembeni lililoachana zamani na lile lililozaa mamba wa leo. Matawi mawili yasiyo na undugu wa karibu yalifikia suluhisho linalofanana kwa sababu kazi ilikuwa moja. Michoro mingine mitandaoni inampa manyoya na masharubu. Hakuna lolote katika mifupa linaloruhusu hilo.

Sasa turudi kwenye lile fuvu, maana kuna jambo ambalo taarifa nyingi hulipita haraka nami naona ndilo kiini. Mnyama alipozikwa, mdomo wake ulikuwa umefungwa kabisa. Meno ya juu na ya chini yalikuwa yamebanana, na nafasi zilizobaki zimejaa mchanga uliogeuka jiwe. Yaani sehemu yenye thamani kubwa kuliko zote ndiyo isiyoonekana. Fundi mwenye papara angechukua sindano na kuanza kuchokonoa, au angetenganisha mataya ili aone vizuri. Angeona meno, ni kweli. Angepoteza jinsi yalivyokutana, na jinsi yalivyokutana ndiyo habari yenyewe.

Suluhisho lilikuwa mashine ya CT. Kanuni yake ni ileile ya mashine za hospitali kubwa, lakini zinazotumika kwa visukuku vidogo zina uwezo wa kuona vitu vidogo zaidi. Kisukuku kinawekwa juu ya sahani inayozunguka, miale ya eksirei inapita, na kompyuta inajenga mamia au maelfu ya vipande vyembamba vya picha. Enameli ya jino ni nzito kuliko mfupa, na mfupa kwa kawaida hautoshani uzito na mchanga ulioujaza, kwa hiyo kila kimoja kinatokea na rangi yake ya kijivu. Mtu anakaa mbele ya skrini na kuchora mpaka wa kila jino, kipande kwa kipande. Hatimaye jino linaweza kutolewa taya, kugeuzwa, kukuzwa na kuchapwa kwa plastiki, huku lile la kweli halijaguswa.

Kazi hiyo ina mitego yake, na mingi inaanzia porini. Chuma kilicho ndani ya mchanga mwekundu hufyonza miale. Picha inaingia ukungu na michirizi, na mpaka kati ya mfupa na jiwe unapotea. Ukiongeza nguvu ya miale ili ipenye, unapunguza tofauti ya rangi uliyokuwa unaitafuta. Ukubwa wa bonge la jiwe lenye kisukuku nao unaamua: kadiri kisukuku kinavyokuwa kidogo ndivyo kinavyoweza kusogezwa karibu na chanzo cha miale na picha kuwa kali. Kwa hiyo jiwe la ziada lazima lipunguzwe kwanza, kwa uangalifu, bila kufika kwenye meno. Na kama mchimbaji aliimarisha kifurushi chake kwa nondo au waya karibu na fuvu, chuma hicho kitaharibu picha nzima. Tumia fito.

Kutoa mfupa ardhini

Msimu ni wa kiangazi, Juni hadi Oktoba. Mvua ikianza njia zinafunga na plasta haikauki. Mtafutaji anatembea akitazama miteremko iliyoliwa na maji, mahali ambapo udongo haujafunika jiwe. Akiona kipande cha mfupa chini, hachimbi hapo. Vipande hubingirika kwenda chini, kwa hiyo anavifuata kupanda, akiweka kibendera kila kimoja kinapolala, mpaka vinapokoma. Tabaka linalovitoa liko karibu na hapo.

Wengine hujaribu kipande kwa kukigusisha ulimi, kwa sababu mfupa wenye vitundu hunata. Katika nchi ya wafugaji nisingeshauri hivyo hata kidogo. Mfupa wa ng'ombe aliyekufa kwa kimeta unaweza kulala ardhini miaka mingi ukiwa bado na hatari. Kidole kilicholowa kinatosha, na lensi ya kukuza mara 10 itaonyesha vitundu vizuri zaidi.

Mfupa ukishaonekana, kishawishi ni kuufukua wote. Usiufukue. Safisha kwa burashi laini sehemu ya juu tu ili kujua unaelekea wapi na unaishia wapi, halafu uache ukiwa umelala kwenye jiwe lake. Mfupa wenye nyufa hunyweshwa gundi nyepesi: Paraloid B-72 iliyoyeyushwa katika asetoni, kiasi cha asilimia 5, idondoshwe kidogokidogo ipenye ndani. Ile nzito ya asilimia 40 au zaidi ni ya kuunganisha vipande. Ukianza na nzito, inatengeneza ngozi ya juu na ndani mfupa unabaki unga. Mfupa ukiwa na unyevu, gundi inageuka nyeupe na haishiki. Subiri ukauke kivulini. Uzuri wa gundi hii ni kwamba asetoni inaiondoa tena. Ile gundi ya haraka inayouzwa kwenye vichupa vya dukani inashika kwa nguvu lakini kuiondoa ni shida kubwa, na mara nyingi inatoka na ngozi ya mfupa.

Kisha chimba mtaro kuzunguka, ukiacha sentimita 10 hivi za jiwe pande zote, mpaka bonge libaki limesimama juu ya shina. Funika juu kwa tabaka kadhaa za karatasi laini zilizoloweshwa, zishike kila kona. Karatasi hizi ndizo watu huzifanyia ubahili, na kosa lake ni baya: plasta ikigusa mfupa inaushika, na maabara wataupoteza uso wa mfupa wakijaribu kuibandua. Kata gunia la katani vipande vya upana wa kiganja, viloweshe maji kwanza, vichovye kwenye plasta ya Paris yenye uzito wa uji, na uvitandaze vikipishana kwa nusu. Plasta inaanza kushika ndani ya robo saa, kwa hiyo koroga kidogokidogo. Matabaka matatu yanatosha bonge dogo; kubwa linahitaji zaidi na fito mbili au tatu zilizofungiwa ndani. Plasta ishuke chini ya ukingo wa bonge na kuingia kidogo kwenye shina.

Mabonge mengi hufa wakati wa kuyageuza. Shina linakatwa chini polepole, bonge linapinduliwa, na kama plasta haikuingia chini ya ukingo, jiwe linamwagika kutoka ndani na kuacha gamba tupu. Kabla ya kugeuza, piga plasta kwa kifundo cha kidole. Sauti ya uwazi inaonyesha imeachana na jiwe. Andika juu yake namba, tarehe, mahali kwa vipimo vya GPS na mshale wa kaskazini, kwa kalamu isiyofutika, na maneno hayohayo uyaandike kwenye daftari. Udongo ulio karibu na bonge usitupwe. Kwa mnyama wa nusu mita, jino au kifupa cha kidole kinaweza kuwa cha milimita chache, na kinapatikana kwa kuchekecha kwenye wavu wenye matundu ya milimita 1 au chini yake.

Jirani zake

Pakasuchus hakuishi peke yake. Katika mawe hayohayo mekundu ametokea mamba mwingine wa kale, Rukwasuchus yajabalijekundu, aliyetangazwa mwaka 2014, mwenye fuvu la mwindaji na asiye na magego ya namna hii. Wametokea dinosaria wakubwa wa shingo ndefu: Rukwatitan bisepultus mwaka 2014, Shingopana songwensis mwaka 2017, Mnyamawamtuka moyowamkia mwaka 2019. Mamalia yumo mmoja, Galulatherium jenkinsi, anayejulikana kwa taya lake.

Ukipanua ramani unaona jambo pana zaidi. Tanzania, Malawi, Madagaska, Brazili na Ajentina zilikuwa sehemu za bara moja la kusini, Gondwana, lililokuwa linaendelea kumeguka. Notosukia walienea humo. Kaskazini mwa Malawi, si mbali na Songwe, alipatikana Malawisuchus mwakasyungutiensis, aliyeelezwa mwaka 1997 na mtafiti wa Malawi, Elizabeth Gomani. Naye alikuwa mdogo na mwenye meno ya aina tofautitofauti. Madagaska imetoa Simosuchus, mwenye pua butu na meno yaliyofanana na majani, ambaye huenda alikula mimea. Notosuchus wa Ajentina alielezwa tangu mwaka 1896. Katika mabara ya kaskazini wakati huo, kazi ya kuwa mnyama mdogo wa kutafuna ilifanywa na mamalia. Kusini mabaki ya mamalia ni haba, na O'Connor na wenzake walipendekeza kwamba nafasi hizo zilishikwa na mamba hawa wadogo. Naliona pendekezo hilo kuwa na nguvu, ingawa linategemea sana uhaba wa mamalia, na uhaba unaweza kupungua kila anapopatikana Galulatherium mwingine.

Wengi wa Notosukia walitoweka pamoja na dinosaria miaka milioni 66 iliyopita. Wachache waliendelea, hasa Amerika Kusini, wakiwa wawindaji wa nchi kavu, kwa makumi ya mamilioni ya miaka zaidi. Hatimaye Afrika ikabaki na lile tawi la majini. Olduvai, katika matabaka ya miaka milioni 1.84, tayari tunamkuta Crocodylus anthropophagus, aliyetangazwa mwaka 2010 huohuo, mamba wa umbo tunalolijua, na mifupa ya jamaa za binadamu wa hapo ina alama za meno ya mamba.

Ukiona mfupa

Wachimba visima, wachimba kifusi cha barabara na wachungaji ndio wanaotangulia kuona vitu hivi, kabla ya mtaalamu yeyote. Kutoka Bahi hadi Igunga, kisima kinachopita kwenye udongo wa ziwa la kale kinaweza kutoa mfupa uliogeuka jiwe: mzito kuliko ulivyotarajia, unaolia kama kigae ukigongwa, na usionuka ukichomwa ncha. Si lazima uwe wa mamba, na hautakuwa na umri wa Pakasuchus, lakini utaratibu ni uleule. Sheria ya Mambo ya Kale ya mwaka 1964 inavilinda visukuku vya wanyama wenye uti wa mgongo. Kuvichimba kunahitaji kibali, na anayevikuta anapaswa kutoa taarifa. Utafiti wowote unapitia pia Tume ya Sayansi na Teknolojia (COSTECH). Kwa mtu wa Dodoma si safari ndefu: makao ya Taasisi ya Jiolojia yako mjini, na Wizara ya Maliasili na Utalii, yenye dhamana ya mambo ya kale, iko Mtumba. Ukiwa kijijini, anza na ofisi ya mtendaji.

Piga picha mfupa ukiwa palepale, kitu cha kupimia kikiwa kando yake, sarafu au rula, kisha picha nyingine ya mbali inayoonyesha mti au jiwe la kukumbukia. Soma vipimo vya GPS kwenye simu na uvitume pamoja na picha. Andika kina cha shimo na rangi ya udongo. Usiuoshe, maana maji huvunja mfupa uliokauka muda mrefu, na usiunganishe vipande. Kilichokwisha kung'oka kiviringishe kwenye karatasi laini na kukiweka kwenye mfuko wake peke yake, ukiandika kilitoka upande gani wa shimo. Kama ni fuvu na mdomo umefungwa, uache umefungwa. Rudishia udongo uliolegea juu yake ili jua na mifugo visiufikie, na uweke alama mahali ambapo mvua haitaizoa.